Bwana Sinia Yuko Juu Ngazini

Msellem bin Thabit alikuwa mtu ambaye hata kivuli chake kilitembea kwa adabu. Kazi yake serikalini ilikuwa kukagua mizani. Tangu ujana wake alizunguka masoko ya Maskati na kisanduku cha mawe ya shaba, kanzu imepigwa pasi, kofia imekaa katikati ya kichwa kana kwamba imepimwa kwa rula, na akiingia dukani mwenye duka huacha kucheka. Hakuwa mkali, wala hakuna aliyewahi kumsikia akipandisha sauti. Ila alikuwa na ule uso wa mtu anayejua uzito halisi wa kila kitu, na nani anapenda kutazamwa na uso wa namna hiyo huku kidole chake kimeegemea sahani ya mizani?

Lau watu wa sokoni wangemwona Ijumaa nyumbani kwake Al Hail, wangekaa chini kwa kicheko. Mara moja kwa mwezi, baada ya Alasiri, Msellem alifunga mapazia ya ukumbi, akatundika shuka jeupe mbele ya ngazi, kisha akakaa kwenye kigoda nyuma ya mashine nyeusi isiyozidi ukubwa wa cherehani ya mkono. Ilikuwa mashine ya sinema, ya zamani za kale, taa yake ndogo na hendeli yake ya kuzungusha. Akazungusha, na jamaa zake wakatazama sinema ileile waliyoitazama mwezi uliopita, na mwaka uliopita, na miaka yote tangu wazaliwe.

Ilikuwa sinema ya kuchekesha isiyo na sauti. Mhudumu wa hoteli, mnene, mwenye masharubu yaliyosokotwa, amebeba sinia lenye birika, vikombe na keki ya ghorofa tatu, naye anatakiwa kulipandisha juu. Nyumbani walimwita Bwana Sinia. Kidato cha kwanza anakanyaga mkia wa mbwa. Cha tano anapishana na bibi mwenye kofia ya manyoya, na unyoya unamwingia puani. Chafya inamjia, keki inainama, inainama, mpaka anainua goti na kuitegemeza. Cha tisa mtu ameacha kipande cha sabuni, lakini Bwana Sinia anakiona! Anakiruka kwa madaha. Anafika juu. Anafuta jasho, anatabasamu, anarudi nyuma hatua moja aitazame keki yake vizuri, kisigino chake kinatafuta sakafu pasipo na sakafu...

Na hapo shuka linabaki jeupe. Mkanda umekwisha.

Kwa sababu sinema ile ilikuwa mikanda miwili, na wa pili ulibaki Unguja. Kwa hiyo Safwan na Shatha, watoto wa Msellem, walikua, wakasoma, wakapata kazi, na Bwana Sinia bado yuko juu ngazini mguu mmoja hewani. Wakimuuliza bibi yao, Bi Sayyida, huwajibu, "Alianguka. Lakini kuambiwa kwamba kaanguka na kumwona alivyoanguka ni mambo mawili."

Bi Sayyida, mama yake Msellem, ndiye aliyekuja na mashine. Baba yake Bi Sayyida aliinunua Unguja kwa Mhindi mmoja aliyekuwa akihama, na nyumbani kwao, Malindi ya hukohuko Unguja, wanawake wa mtaa walikusanyika kuitazama. Sayyida alizungusha hendeli. Mdogo wake, Shaikha, alikaa mbele karibu na shuka, akiwa msimamizi wa vicheko. Ilikuwa amri yake kwamba neno "Hamadi!", ambalo sisi humwambia mtu aliyejikwaa, lisisemwe na yeyote mpaka Bwana Sinia aanguke kweli. Mkia wa mbwa, kimya. Unyoya, kimya. Sabuni, wanawake thelathini wamelizuia neno mdomoni kama wamejaza maji. Halafu anaanguka, na hiyo "Hamadi!" husikika mpaka bandarini. Msellem alikuwa mtoto wa miaka minane, akiachiwa hendeli mama akichoka, na hajawahi kusahau raha ya kelele ile.

Mwaka wa sitini na nne, wa Mapinduzi, walipoondoka, Bi Sayyida alikuwa na muda wa kufunga sanduku moja. Aliacha mapambo, aliacha nguo za arusi, akachukua mashine, nayo ina mkanda wa kwanza ndani yake. Mpaka leo hajui kwa nini. Walikaa Dubai, kisha wakaja Maskati mwaka wa sabini na mbili. Shaikha alibaki Unguja na mama yao, na huyo mama alipokufa ni Shaikha peke yake aliyemzika. Dada wakaandikiana barua mbili tatu za salamu, baadaye wakapigiana simu sikukuu. Njia ilifunguka zamani, lakini kila mwaka ulikuwa na sababu yake. Ukweli ni kwamba Bi Sayyida aliona haya. Alimwachia mdogo wake mzigo wote, akaondoka na kitu pekee kilichokuwa kikichekesha nyumba, tena bila kuaga.

Basi mwaka wa elfu mbili na tatu, baada ya miaka thelathini na tisa, Bi Shaikha akapanda ndege kuja kukaa wiki tatu. Bi Sayyida, mwanamke wa miaka sabini na nne, akawa hakamatiki. Alimwambia kila jirani, "Mdogo wangu anakuja. Na mkanda wa pili anao yeye. Ijumaa Bwana Sinia ataanguka, inshallah."

Siku ya kufika, dada walikumbatiana uwanjani, wakalia. Halafu wakarudi nyumbani, wakakaa, na hawakuwa na la kusema. Hilo ndilo lililomtisha Msellem. Walikuwa na adabu kama wageni wawili kwenye chumba cha daktari.

"Kaa hapa penye mto, Shaikha."

"La, kaa wewe dada, hapa pananitosha."

"Safari ilikuwaje?"

"Alhamdulillahi. Nyie hali zenu?"

"Alhamdulillahi."

Bi Sayyida alishika mwenyewe dele la kahawa, maana mgeni wa namna ile hamiminiwi na mtoto. Akamimina finjani, Bi Shaikha akanywa. Sasa, Maskati mgeni akitosheka huitikisa finjani yake kidogo mkononi, na asiyetikisa anaomba nyingine. Unguja hakuna habari hizo. Ukitosheka unaweka kikombe chini, na Bi Shaikha alikuwa akingoja mtu wa kumpokea kikombe, kwani hakuona adabu kukiweka chini juu ya zulia zuri kama lile. Bi Sayyida akaona finjani tupu, haijatikiswa. Akamimina. Bi Shaikha akaona amemiminiwa, na mgeni hakatai cha mwenyeji. Akanywa. Bi Sayyida akamimina.

Kufika finjani ya tano jasho lilianza kumtoka Bi Shaikha. Kufika ya saba Bi Sayyida alimtazama mwanawe kwa wasiwasi, kwamba hivi mdogo wangu ana kiu gani hii? Wote wawili walitabasamu. Hakuna aliyethubutu kuacha. Msellem, ambaye miaka arubaini alikuwa akizungusha kwenye mashine watu wanaorudia kosa lilelile mpaka dunia iwaangukie, alikijua kichekesho kile mara tu alipokiona. Kwenye shuka angekizungusha taratibu ili watu wacheke zaidi. Pale ukumbini kilimtia uchungu, maana aliwaona ndugu wawili wa tumbo moja wanaogopana. Na kumfundisha mgeni kunywa mbele ya watu ni kumwaibisha. Ikabidi mkewe, Khawla, aje kulinyakua dele kwa kisingizio kwamba kahawa imepoa. Bi Shaikha alikuwa amekunywa finjani tisa. Usiku ule hakufumba jicho.

Kesho yake asubuhi Msellem alimkuta mama yake mdogo uani, anamwagilia mirehani isiyokuwa na haja ya maji.

"Mama mdogo," alisema, "mkanda ukinipa leo nitaupangusa vumbi kabla ya Ijumaa."

Bi Shaikha aliweka mpira wa maji chini. "Mkanda sina, mwanangu."

Msellem alikwenda kufunga maji.

"Nliutunza miaka ishirini na tano, ndani ya kopo. Halafu ukaanza kunuka siki. Siku moja nkafungua nkaukuta umeshikana, umekuwa kitu kimoja kama kipande cha ngozi. Nliufukia chini ya mpera. Ndo hivyo. Yeye kaondoka na mashine, mie nkaachiwa mama na mkanda. Mama nlimzika, na mkanda nao nkauzika. Nnakuja hapa nnasikia mpaka majirani wanaungoja. Ntamwambia nini?"

"Mwambie hivyohivyo. Hatakasirika."

"Kukasirika siogopi. Naogopa atanambia 'haidhuru', kwa ile sauti yake ya kumkaribisha mgeni. Akinambia hivyo ntajua nna ndugu wa kusalimiana naye tu. Usimwambie, Msellem. Nipe ahadi."

Akampa. Na ahadi ya mkagua mizani huwa haipungui gramu. Lakini tangu dakika ile Msellem hakuwa na raha. Aliona waziwazi kitakachotokea: shuka litabaki jeupe, mama yake atanyoosha mkono, Bi Shaikha atainamisha kichwa, mama atasema "haidhuru" kwa adabu zote, na wiki tatu zitakwisha kwa mito na finjani. Baada ya hapo ni uwanja wa ndege, na kwa umri wao hakuna wa kusema watakutana tena.

Alhamisi jioni Khawla alikwenda gereji kutafuta ndoo akamkuta mumewe amebeba sinia tupu, anarudi nyuma kinyumenyume.

"Baba Safwan! Umepatwa na nini?"

Msellem alimweleza alichokuwa akikifanya, bila kumweleza kwa nini. Khawla alimsikiliza mpaka mwisho, mikono kiunoni.

"Una miaka arubaini na minane, na sukari unayo."

"Hata Bwana Sinia hakuwa kijana."

"Bwana Sinia alilipwa. Na siku watu wa idarani kwenu wakisikia?"

Hapo alimgusa penyewe. Msellem alikuwa amejenga heshima yake jiwe juu ya jiwe. Alikuja nchi hii kijana ambaye Kiarabu chake kilikuwa kikichekwa na wenzake wa kazini, akaapa kimoyomoyo kwamba hatachekwa tena kwa lolote. Hakuwahi kucheza arusini, wala kuimba, wala kukimbia barabarani hata mvua ikinyesha. Alimpa Khawla sinia, akaingia ndani.

Lakini Ijumaa asubuhi Khawla aliiona mito mitatu mikubwa imepangwa chini ya ngazi, nyuma ya shuka. Aliongeza wa nne.

Baada ya Alasiri walikusanyika watu kama kumi na tano. Dada wawili walikalishwa mbele, kila mmoja akimsihi mwenzake akae pazuri. Mapazia yakafungwa, hendeli ikazunguka, na Bwana Sinia akaanza safari yake. Mkia. Watoto wa jirani wakacheka. Unyoya. Msellem alipunguza mwendo wa mkono, kama alivyofundishwa na mama yake, mpaka keki ikawa inainama nywele kwa nywele. Yeye alikuwa na imani yake kwamba kuanguka hakumchekeshi mtu. Kinachochekesha ni kule kusubiri, na kinachomaliza mbavu ni mtu aliyeanguka anapokataa katakata kwamba ameanguka. Sabuni. Akamwashiria Khawla aje kushika hendeli, akatoweka gizani.

Bwana Sinia akafika juu. Akafuta jasho. Akarudi hatua moja. Shuka likawa jeupe.

"Haya Shaikha," alisema Bi Sayyida, sauti imejaa furaha ya mtoto. "Toa."

Bi Shaikha aliingiza mkono mkobani. Ulikaa humo ukipapasa leso na tasbihi, ukipapasa, ukipapasa. Bi Sayyida aliuona ule mkono, na tabasamu lake likaanza kuondoka polepole.

Ndipo Khawla aliposogeza shuka pembeni, na mwanga wa mashine ukaangukia ngazi za nyumba.

Juu, kwenye kidato cha sita panapopinda ngazi, alisimama Msellem bin Thabit. Amebeba sinia lenye dele, finjani kumi na mbili na sahani ya halwa iliyofunikwa kwa kawa, kile kifuniko cha ukili. Kofia katikati. Uso uleule wa sokoni. Aliweka sinia kwenye kiganja kimoja, akafuta jasho kwa leso. Akatabasamu, na watoto wake mwenyewe hawakumbuki kama waliwahi kuliona tabasamu lile. Halafu akageuka, akawapa mgongo, aitazame halwa yake vizuri. Kisigino kikaanza kutafuta sakafu.

Alikiacha kitafute. Kilikwenda kushoto, kikakosa. Kikaja kulia, kikakosa. Mtoto mmoja akaguna. Katika hesabu yake Msellem alikuwa amepanga kuteleza vidato viwili vya chini tu, kwa usalama, akishuka kwanza kwa kupepesuka. Lakini hesabu hiyo haikuujua upindo wa kanzu yake mwenyewe. Akaukanyaga.

Vidato sita alivimaliza kwa makalio, kimoja baada ya kimoja, mgongo wima, sinia limeinuliwa juu kwa mikono miwili kama mtu anayevuka mto na mzigo wa mwenzake. Finjani ziliruka. Dele liliruka. Halwa ilikwenda ilikokwenda. Akatua kwenye mto wa nne, ule wa Khawla.

Msellem aliinuka. Alikung'uta kanzu, bega la kulia, bega la kushoto. Akapapasa sakafuni kutafuta kofia yake, akaokota kawa, akaiweka kichwani, akaisawazisha kwa vidole viwili mpaka ikakaa katikati kabisa. Kisha akawatazama wote, mmoja mmoja, kana kwamba wao ndio walioanguka.

"Hamadi!"

Ilikuwa sauti ya Bi Shaikha, na kabla haijaisha ya Bi Sayyida ilishaidaka, "Hamadiii!", na ukumbi mzima ukapasuka. Safwan alijishika mbavu. Shatha alilia machozi. Dada wawili walishikana mabega, vichwa vinagongana, wakicheka kicheko cha Malindi, kile cha wanawake thelathini.

Msellem hakucheka. Kazi ilikuwa haijaisha. Aliokota finjani moja iliyosalimika, akainyoosha mbele ya mama yake, akaitikisa.

"Anatikisa nini huyo?" aliuliza Bi Shaikha, akijifuta macho.

"Kasema imemtosha, hataki nyingine. Ndo desturi ya hapa," alisema Bi Sayyida.

Bi Shaikha alikatika kicheko ghafla. "Yaani siku ile ningetikisa tu?"

Bi Sayyida alifunika mdomo.

"Nlikunywa tisa, Sayyida! Tisa! Nlikesha nnahesabu mende wa jirani!"

"Na mie nlikuona na kiu, nkamimina! Mkono uliniuma mpaka Jumatatu! Wallahi nlisema moyoni, kwani Unguja maji hakuna?"

Wakaanza upya, mpaka Khawla akaogopa. Na katikati ya kicheko, bila kukipumzisha, Bi Shaikha akasema, "Mkanda sina, dada. Ulioza. Nliufukia."

"Wewe! Chombo cha baba ukakifukia?"

"Na wewe mwizi uliyetoroka na mashine?"

"Nliiba, ndiyo. Nliiba, mdogo wangu," alisema Bi Sayyida, na sasa machozi yalikuwa ya namna nyingine. "Nikakuachia mama. Nisamehe."

"Mama alikuwa mwepesi. Kila akikukumbuka alikuwa akisema, huyo alichukua mashine ili asitusahau." Akamfuta dada yake uso kwa ncha ya mtandio wake mwenyewe. Kisha akamgeukia Msellem aliyekuwa amesimama palepale na kawa yake. "Lakini wewe, nani kakwambia alianguka hivyo? Bwana Sinia alianguka kifudifudi."

"Kifudifudi? Alianguka kwa makalio," alisema Bi Sayyida.

"Kifudifudi, uso ndani ya keki! Mie nlikuwa mbele!"

"Na mie nlikuwa kwenye hendeli! Wewe ulikuwa umefumba macho, mwoga wewe, siku zote ulifumba!"

"Nlifumba mie?"

Wahenga walisema ndugu wakigombana chukua jembe ukalime. Khawla alichukua ufagio, akakusanya vigae vya finjani, akachomoa kipande cha halwa kwenye pazia. Ugomvi haukuwa na dalili ya kwisha. Ulishafika kwenye ni nani aliyevunja kioo cha mama yao mwaka wa arubaini na tisa, wala hapakuwa tena na mtu wa kumwambia mwenzake akae pazuri. Wote wawili walikuwa wamekaa chini, juu ya zulia, miguu imenyooshwa.

"Basi tutazame," alisema Bi Shaikha hatimaye. "Msellem, rudia. Safari hii kifudifudi."

"Mama mdogo, kiuno kinaniuma."

"Rudia, mwanangu," alisema Bi Sayyida. "Tumjue muongo ni nani."

Msellem aliwatazama. Kiuno kilimuuma kweli. Alimtazama Khawla, na Khawla alikuwa tayari anapanga mito upya, mmoja mbele kwa ajili ya uso. Basi akaliokota sinia, akaisawazisha kawa kichwani, akaanza kupanda, kidato kwa kidato, kwa adabu. Nyuma yake akamsikia Bi Shaikha akiwaonya watoto wote, na dada yake pia, kwamba asiseme mtu mpaka aanguke.